Ndoa za Dini Mbili Nyumbani Mwetu



Vikundi vyetu vitatu vilituomba sisi wa kamati tuseme wazi juu ya ndoa kati ya Waislamu na watu wa dini nyingine. Wengine walituambia, "Muache hiyo maneno, itatutenganisha." Tumeona kwamba kunyamaza ndiko kumeanza kututenganisha. Kwa hiyo tutasema, na tutaanza na kosa letu wenyewe.

Wengi wenu mlikuwa kwenye kilio kile. Mama mmoja wa chama chetu, Mkatoliki, mzaliwa wa upande wa Nyabiondo, alifiwa na bwana yake. Huyo bwana alikuwa Mwislamu, mtu wa Maniema, akiuza chumvi na ndagala sokoni. Walijuana Goma miaka mingi iliyopita, wakazaa watoto watatu, wakakimbia pamoja, wakalala chini ya shitingi moja Bulengo, na kambi zilipofungwa mwezi wa pili mwaka 2025 wakapanda pamoja na sisi kurudi huku. Hakuna aliyewahi kuuliza kama wale ni bwana na bibi. Tuliwaona na watoto wao, ikatosha.

Homa ilimshika siku nne, siku ya tano asubuhi akafariki. Waislamu wa hapo ni wachache, hawajazi hata safu mbili za sala, lakini walikuja mbio na wakasema: tumuoshe, tumvishe sanda, tumsalie, na jua lisizame hajazikwa. Wakaka wa mama walisema hapana, tungoje wajomba, watafika kesho, na sanduku linatengenezwa. Mmoja wao alisimama katikati ya uwanja akapaza sauti: "Sisi batu ba Masisi hatuzikake mutu kama vile, bila sanduku, sawa vile hana jamaa!" Mama mwenyewe alikuwa ndani analia, hakuna mtu aliyemwuliza kitu. Kufika saa tisa ndipo bibi mmoja mzee aliingia kumwuliza, naye akajibu: "Bwana yangu alisemaka, siku nitakufa musiniweke mu sanduku. Alinisemea na watoto walisikia." Basi akazikwa kwa sanda, jua likiwa bado juu kidogo. Wajomba walipofika kesho yake walikuta kaburi, na mpaka leo wawili kati yao hawaongei na huyu mama.

Hilo ni la familia. Sasa la kwetu. Kanuni zetu zilisema kwamba msaada wa kilio unatolewa kwa fakitire ya sanduku, na unapokelewa na mjane mwenye cheti cha ndoa. Huyu mama hakuwa na fakitire, kwa sababu hakukuwa na sanduku. Hakuwa na cheti pia. Alikuwa amelipa mchango wake kila mwezi, hata mwezi ule tulipokuwa njiani. Tukamwambia angoje kamati ikae. Kamati haikukaa upesi. Alingoja wiki tano. Katika wiki hizo tano ndugu za marehemu walifika kutoka Maniema, wakakuta mjane asiye na karatasi na asiye na pesa, wakaanza kuuliza juu ya baiskeli, juu ya kiwanja, halafu juu ya watoto. Kama tungempa haki yake siku ya pili, angalau angekuwa na kitu mkononi cha kuwapokea wageni na kusema nao kama mtu mwenye nyumba. Tulikosa, na tunasema hivyo mbele yenu na mbele ya wafadhili, kwa sababu pesa ile ni yenu.

Kanuni ile iliandikwa na sisi, wengi wetu Wakristo. Wakati wa kuandika hatukumfikiria mtu anayezikwa bila sanduku. Hatukuwa na ubaya moyoni. Tuliandika tu kilio kama tunavyokijua.

Watu wengine wanasemaga kwamba ndoa hizi ni jambo jipya lililoletwa na kambi. Si kweli. Katika miaka ya 1800 wafanyabiashara kutoka Zanzibar na pwani walifika Nyangwe na Kasongo, na watu wao, wale walioitwa Waungwana, wakasambaa Maniema na kuingia misitu ya upande huu. Tippu Tip ndiye jina linalojulikana kuliko yote. Walileta biashara ya pembe na utumwa, hilo hatulifichi, wazee walitusimulia. Lakini pia walioa huku, wakazaa huku, na hata lugha hii tunayoisema sasa ilifika kwa njia yao. Kisha Wabelgiji waliwashinda katika vita vya 1892 mpaka 1894, misheni zikafunguliwa, na Waislamu wakabaki wachache pembeni. Mtu wa Walikale akichimba sana katika ukoo wake, mara nyingine anakuta babu aliyeitwa Saidi au Ramazani. Na siku hizi machimbo ya Bisie na ya Rubaya yanaleta vijana na wafanyabiashara wa kila upande. Vijana wakikutana, hawaulizani kwanza juu ya ubatizo.

Tulikwenda kuuliza dini zenyewe zinasema nini, maana nyumbani tunabishana kwa maneno ya kusikia tu.

Kwa upande wa Uislamu, walitueleza kwamba mwanaume Mwislamu anaruhusiwa kumwoa mwanamke wa Watu wa Kitabu, yaani Mkristo au Myahudi, na mahali wanapolisoma ni katika sura ya tano ya Kurani. Hamlazimishi kusilimu. Kwa hiyo yule jirani anayesema kila siku, "Ukiolewa na Mwislamu lazima uache Yesu," anasema neno ambalo sheria yao haisemi, ingawa kuna familia zinazolazimisha. Kwa mwanamke Mwislamu ni tofauti: wanazuoni wa madhehebu zote wamekubaliana tangu zamani kwamba haolewi na asiye Mwislamu. Nchi nyingi za Kiislamu zinafuata hivyo mpaka leo. Tunisia iliondoa katazo lake la serikali mwaka 2017, na wanazuoni wengi wa nchi nyingine hawakufurahi. Hapa kwetu kijana Mkristo anayempenda binti wa Kiislamu husilimu wiki ile ya ndoa, hupewa jina, halafu mwaka unaofuata yuko tena kwenye kwaya. Tunamjua zaidi ya mmoja. Hatuwacheki. Lakini binti wa watu anabaki pale katikati: wazazi wake wanaona amedanganywa, na wakwe wanaona yeye ndiye aliyetaka kumwiba mtoto wao. Kama mtu anageuza dini, ageuze kwa sababu ameamini. Kugeuza kwa ajili ya harusi ni deni, na mwenye kulilipa mara nyingi ni mwanamke.

Kwa upande wa Kanisa Katoliki, ndoa ya Mkatoliki na mtu asiyebatizwa inahitaji ruhusa ya askofu. Padri anaiombea kupitia jimbo, haiko mbali kama tunavyodhani. Mkatoliki anaahidi kulinda imani yake na kufanya yote anayoweza ili watoto wabatizwe; yule mwingine haapi kitu, anajulishwa tu kwamba mwenzake ameahidi hivyo. Angalieni hapo. Mkatoliki ameahidi kwamba watoto watabatizwa kadiri anavyoweza, na Mwislamu kwake anafundishwa kwamba watoto wa Mwislamu ni Waislamu. Ahadi mbili, watoto walewale. Hakuna padri wala shehe atakayekuja kulala nyumbani kwenu kutatua hilo. Wachungaji wengi wa Kiprotestanti tunaowajua hawabariki ndoa kama hizi kabisa, na wanandoa wanabaki kukaa tu hivyohivyo, halafu mama anakatazwa meza ya Bwana. Wachungaji mlio hapa mtatusamehe, lakini mama huyo hajaiba kitu.

Tufike kwenye mahari, ile tunaitaga dote, kwa sababu hapa ndipo ugomvi mwingi unaanzia kabla ya sala yoyote. Kwa Mwislamu mahari ni ya bibi arusi mwenyewe. Anapewa mkononi mwake, ni mali yake, baba hana haki ya kuigusa. Kwetu dote inakwenda kwa wazazi: mbuzi, ng'ombe kwa wanaoweza, blanketi la mama, na kasiksi ya wazee siku ya mazungumzo. Basi kijana wa Kiislamu anakuja na pesa, anampa msichana mbele ya mashahidi, anaona amemaliza kazi yote vizuri. Baba mkwe anaangalia uwanja, haoni hata mbuzi mmoja, na hiyo kasiksi yenyewe kijana hainywi. Anasema, "Huyu amenitukana." Na kijana kwa kweli hajatukana mtu.

Sheria ya Kongo katika jambo hili iko karibu na baba mkwe. Sheria ya Familia ya mwaka 1987, iliyorekebishwa mwaka 2016, inasema dote inakubaliwa na wazazi wa msichana na ni kwa faida yao, na ndoa haifungwi kabla sehemu yake haijatolewa. Sehemu, hapana yote. Kwa hiyo kijana amtolee msichana mahari yake kama dini inavyotaka, na awape wazazi kitu, hata kidogo, mbele ya mashahidi. Ni vitu viwili, na vyote viwili vinaweza kutoka siku moja. Familia moja ya upande wa Kashebere ilifanya hivyo, na badala ya kasiksi wazee walikunywa chai na soda. Walilalamika, wakanywa.

Sheria hiyohiyo haina dini. Tuliisoma na mtu anayeifahamu, tukatafuta mahali inapomwuliza Mkongomani kama ni Mwislamu, Mkatoliki au Mkimbangu kabla ya kuoa. Hakuna. Inachouliza ni haya: wote wawili wametimiza miaka 18, wote wawili wamekubali wenyewe, hakuna aliye na ndoa nyingine iliyoandikwa, na dote imekubaliwa. Ndoa inafungwa mbele ya ofisa wa etasivili, au inafungwa katika familia kwa desturi halafu inapelekwa kuandikwa. Karatasi ya msikiti na karatasi ya parokia zina heshima yake, lakini mbele ya serikali hazisimami peke yake. Ndiyo maana tunasema yule mama, hata kama angekuwa na karatasi ya shehe, bado angehitaji ile ya etasivili.

Tuseme kwa nini karatasi hiyo ni nzito kwa ndoa za dini mbili kuliko kwa nyingine. Kwa sheria ya urithi ya Kiislamu, mke asiye Mwislamu harithi kwa bwana yake Mwislamu, wala Mwislamu harithi kwa asiye Mwislamu. Ndugu za marehemu waliotoka Maniema hawakuwa wezi. Walikuwa wakisema kile walichofundishwa. Mwislamu anaweza kumwachia bibi yake Mkristo kitu kwa wasia, mpaka theluthi moja ya mali. Yule bwana hakuacha wasia. Na desturi zetu za huku nazo, tusijidanganye, zingemwambia mjane maneno yaleyale kwa njia nyingine.

Lakini kwa sheria ya nchi, kama ndoa imeandikwa na hawakuchagua mpango mwingine, vitu walivyopata pamoja ni vya wote wawili, kwa hiyo sehemu ya mama inatolewa kwanza kabla ya kusema urithi. Kisha katika kile kilichobaki watoto wanachukua robo tatu, na robo inayobaki inagawanywa kati ya mjane, wazazi na ndugu za marehemu. Na mjane anaendelea kukaa katika nyumba waliyokuwa wanakaa, na vyombo vyake. Dini haitajwi hata mara moja. Watoto nao, hata ndoa isipoandikwa, wanarithi kama baba amewatambua kwa utaratibu wa sheria. Nchi hii inasema kila mtoto lazima awe na baba. Hapo ndipo tulipoanza kumsaidia yule mama: kwa watoto, kwa sababu kwa ndoa yenyewe tulikuwa tumechelewa.

Watoto wake watatu hawakuwa na vyeti vya kuzaliwa. Mtoto anaandikwa ndani ya siku 90 bila kulipa. Baada ya hapo inahitajika hukumu ya mahakama, na hiyo ina safari zake na pesa zake. Tulilipa safari kutoka katika mfuko wa michango iliyotumwa na marafiki wa mbali. Marafiki, wakati mwingine mnatuuliza kwa nini tunaomba pesa za safari na picha na karatasi, wakati watu wanahitaji mbegu na mabati. Ndiyo hii sababu. Bati linaweza kunyang'anywa mtoto asiyejulikana ni wa nani.

Kuna neno la bibi wa pili, na hapa tutasema upesi kwa sababu kila mtu anajua jibu. Mwislamu anaruhusiwa na dini yake kuwa na wake zaidi ya mmoja, lakini sheria ya Kongo inaandika mmoja tu. Binti Mkristo anayeolewa na bwana ambaye tayari ana ndoa iliyoandikwa, hataandikwa. Aulize kabla. Na tusiwanyoshee Waislamu kidole: tunao Wakristo wenye nyumba mbili na tatu hapa Masisi, na hao hawana hata kitabu kinachowaruhusu.

Tusisahau neno la nguruwe. Mtakumbuka ugawaji wa wanyama wadogo: tulileta nguruwe na mbuzi, tukaandika namba, kila mtu akavuta kikaratasi. Familia moja ya dini mbili ilivuta nguruwe. Bwana alisimama pale ameshika kamba kama mtu aliyeshika nyoka, watu wakacheka, na sisi tulicheka pia. Bibi yake ndiye aliyekwenda kubadilishana na jirani akapata mbuzi, na mbuzi huyo amekwisha kuzaa. Tangu siku hiyo tunauliza kabla ya kugawa. Na tulijifunza kwao kitu kingine: nyumbani kwao bwana ndiye anayechinja kuku, siku zote, hata wageni wakiwa Wakristo watupu, kwa sababu hivyo kila mtu anaweza kula. Mwezi wa Ramadhani bibi anaamka kupika daku, naye hafungi. Siku ya Noeli bwana ananunua mchele. Watu wawili hao hawakuhitaji semina yetu.

Ila hata wao, tulipowauliza, "Mmoja wenu akifa leo, atazikwaje, na nani ataongoza sala?", walitazamana, wakanyamaza. Miaka kumi na moja ya ndoa, hawakuwahi kulisema. Kwetu ni mwiko kidogo kusema kifo cha mtu aliye mzima, unaonekana unamwita. Lakini wote hapa tumekimbia risasi. Kifo hakikungoja tukiite.

Basi haya ndiyo kamati imekubali na mkutano huu utayapigia kura mchana. Msaada wa kilio utatoka ndani ya siku mbili, kwa sanduku au kwa sanda, bila fakitire, kwa ushuhuda wa kiongozi wa kikundi na majirani wawili. Mtu ambaye chama kimemjua kuwa bwana au bibi wa mwanachama atapokelewa hivyo, hata akiwa bado hana cheti. Katika daftari la wanachama tutaongeza mstari ambapo kila mmoja ataandika jinsi anavyotaka kuzikwa na nani wa kumwita kwanza; asiyejua kuandika atasema, na mashahidi wawili wataweka kidole. Mistari hiyo itahusu Wakristo pia, kwa sababu Mwadventista na Mkatoliki nao wamewahi kugombania maiti hapa, mnakumbuka. Na familia zilizorudi zikiwa hazina karatasi, za dini moja au mbili, tutazisindikiza kwa makundi mpaka etasivili, mahali ofisi inafanya kazi. Mahali haifanyi kazi, andikeni karatasi kwa chifu wa kijiji na mashahidi wa pande zote mbili, muitunze. Si cheti, lakini siku ya kwenda ofisini itakuwa na maneno ya kusema.

Kuna wazee waliotuambia kwamba kwa kufanya hivi tunawahimiza watoto waoane na watu wa dini nyingine. Hatumhimizi mtu. Mzazi anayetaka mtoto wake aolewe na mtu wa kanisa lake ana haki ya kumshauri hivyo, na shehe ana haki ya kufundisha anachofundisha. Wengi wetu kwenye kamati tungependa watoto wetu waoe kanisani, tukiulizwa kwa siri. Lakini ndoa hizi zipo tayari, zimerudi na sisi kwa miguu, zinalipa mchango, na watoto wao wako shuleni na watoto wetu.

Yule mama yuko hapa leo, amekaa kule nyuma, na ametupa ruhusa tuseme habari yake bila jina. Msaada wake aliupata, tukachelewa. Vyeti viwili vya watoto vimetoka, cha tatu kinangoja. Kiwanja bado kina maneno. Shemeji mkubwa amekubali kurudi kukaa naye mbele ya chifu na wazee wa pande zote, na amesema mwenyewe kwamba watoto wabaki kwa mama yao mpaka maneno yaishe. Siku hiyo tutahitaji watu wa kumsindikiza. Tunaomba wanne, wawili Wakristo na wawili Waislamu, wenye uvumilivu wa kukaa siku nzima bila kukasirika.

Mzee wa kikundi cha Kashebere ameinua mkono tangu tulipotaja kasiksi. Tumpe yeye kwanza.